King'ora cha Chumba cha Boila

Mdogo wangu mpendwa,

Pokea salamu zangu. Goti lako limetulia? Shemeji hajambo? Mimi mzima, nguvu ninazo kuliko vijana wa hapa. Mwandiko wangu usiucheke; shule niliiacha mapema, akili haikuniacha.

Hapa kazini hospitali kumechafuka. Nimepewa barua ya muhuri: nijieleze kwa maandishi kabla ya Ijumaa kwa nini nisifukuzwe, eti nimepuuza king'ora cha hatari na kudharau amri ya msimamizi. Mimi! Mimi wanayeniita Masikio jengo zima la kufulia, maana nilikuwa naweka spana kwenye bomba, sikio kwenye spana, nakutajia valvu inayoumwa.

Siku ya king'ora hicho, presha ya boila, ule mtambo wa mvuke ninaoutunza, ilipanda. Wanasema king'ora kililia, wafuaji wakatoka mbio, msimamizi akaniita mlangoni mpaka sauti ikamkauka. Mimi nimekaa, nimewapa mgongo, nakunywa chai yangu. Binti mmoja wa kupiga pasi ndiye aliyeingia, akafungulia mvuke utoke, akaungua kiganja. Na yeye wamempa barua, eti kagusa mtambo usio wake. Binti mwenyewe ananyonyesha.

Vijana wananisifu kwamba mzee ana kichwa kigumu, hababaishwi na king'ora. Nikajitia kucheka nao. Nikiandika kwamba binti ndiye aliyechezea valvu, mimi napona; msimamizi anasubiri neno hilo tu. Nimeandika, nikachana. Nikaandika tena, nikachana tena.

Mdogo wangu, wewe ndiye wa kwanza kuambiwa. Sisikii. Lilianza sikio la kushoto, sasa yote mawili. Boila siku hizi naisikiliza kwa kiganja, na siku ile kiganja kilikuwa kimeshika kikombe. Ndiyo maana simu zako nazikata, nawe ukaninunia ukidhani ni kiburi. Kiburi ninacho, lakini si hicho.

Jibu nimeshaliandika, kesho asubuhi nalipeleka mwenyewe. Nimesema king'ora sikukisikia kwa sababu sisikii kitu, binti ameniokoa mimi na jengo lao, kama ni kufukuza wanifukuze mimi. Herufi zimesimama wima, hata karani wao haandiki hivyo.

Wasalimie shemeji na wajukuu wote. Ukija kunitazama, usipige hodi wala usiniite toka nje, utachekesha majirani. Ingia tu, unishike bega.

Ni mimi kaka yako,
Fundi Masikio