Viatu vya Marehemu

Berlin, Oktoba 1936

Dada yangu mpendwa Alwine,

Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na shemeji Detlef, na kwamba kifua chake kimepata nafuu kabla baridi haijakaza. Sisi huku tunapumua. Nikisema tuko salama nitakuwa nakudanganya, nawe tangu utotoni hukuupenda uongo wangu.

Unakumbuka enzi za filamu zisizo na sauti, nilivyokuwa mtu wa kufa? Walininyonga, wakanizamisha, wakanipiga risasi, na Mama alilia ukumbini hata nikiwa nimeketi kando yake. Siku zile mwigizaji alisema lolote lililomjia, kwani nani angesikia? Ndivyo nilivyompata Ottilie wangu. Alinisubiri mlangoni mwa sinema na kikaratasi mkononi, akicheka mpaka machozi. Viziwi wa safu yao nzima walikuwa wamenisoma midomo nikikata roho, kumbe namtukana fundi viatu kwa kunibana vidole! Tangu hapo akaniita Marehemu. "Marehemu, viatu vimepanuka?" ndiyo salamu yake ya asubuhi, kwa mikono.

Sauti ilipoingia, nikaisha. Unaijua sauti yangu, ni mlango usiotiwa mafuta. Miaka yote hii nimebeba trei nyuma ya mastaa. Kisha mwaka huu Bwana Kessling wa studio akanipa nafasi kubwa: daktari mpole anayewaeleza viziwi kwamba sheria inataka wapasuliwe wasizae, kwa faida ya taifa. Nilikataa. Akaniambia taratibu, "Riebe, usijifanye mtakatifu. Mkeo ni kiziwi, naye yumo orodhani. Wewe cheza tu, hakuna atakayebisha hodi kwako." Ottilie alikuwa na mimba ya miezi minne. Mfa maji haachi kutapatapa, dada. Nikacheza.

Sauti yangu hawakuitaka. Mtu mwingine angesema maneno baadaye, mimi nitoe uso. Lilikuwa limebaki onyesho la mwisho niliporudi nyumbani nikakuta mlango wazi na supu ya viazi imeungua jikoni. Bibi Pohl wa chini aliniambia, huku akilia, kwamba walikuja wanaume wawili na muuguzi. Nilimkimbilia Kessling. Akanijibu kwamba hospitali si studio, huko yeye hana amri.

Walimtoa mtoto, Alwine, kisha wakamfunga kizazi. Alirudi mikono imelala mapajani, na kwa siku nyingi haikusema neno. Nawachukia kwa chuki ambayo sikuwahi kuiigiza.

Nikarudi kumaliza filamu, na Kessling akanisifu kwa kuipenda kazi. Maneno niliyopewa yalikuwa, "Msiogope, ndugu zangu. Hospitali inawapenda." Mbele ya kamera, kwa uso uleule wa upole, midomo yangu ilisema, "Msiende, ndugu zangu. Wameua mwanangu." Wakaweka juu yake sauti nzuri ya yule mwingine, wala hakuna aliyegundua.

Jumapili waliwaleta viziwi wa mtaa mzima waitazame, wafundishike. Mimi na Ottilie tulikaa nyuma. Wenye masikio walipiga makofi. Safu za viziwi zilitulia, kisha mama mmoja akageuka kunitafuta, akaweka kiganja tumboni mwake. Ottilie akanigusa goti. "Marehemu," mikono yake ikasema, "leo hukulalamikia viatu."

Sasa lililo moyoni. Ukumbini walikuwamo walimu wa viziwi wanaojua kusoma midomo, na jana Kessling hakuitikia salamu yangu. Uso wangu unajulikana kila stesheni. Nikitoroka na Ottilie, nitamkamatisha. Yeye hajulikani. Ndiye aliyekukabidhi barua hii, na ameniahidi hataifungua. Shemeji amvushe hapo kwenu mpakani usiku huohuo atakaofika, kwa njia anayopitishia siagi yake ya magendo.

Nimemwambia nitamfuata Jumamosi. Ndiyo, dada, bado mimi ni mwongo. Mwache aniamini mpaka awe ng'ambo.

Msalimie shemeji, na umpe Ottilie kitanda kilicho karibu na jiko, siku hizi anasikia baridi sana. Atakapojua, mwambie viatu havinibani tena.

Mdogo wako akupendaye,
Anselm