Mbuzi kwenye Dashibodi

Jumatatu, 4 Agosti 2025

Nyamai amerudisha gari. Ndugu yangu huyu aliliomba kwa siku moja, zikawa tatu. Mabomba ya maji yamefika kwake Matiliku salama, asema. Lakini buti linanuka mbuzi. Nikamuuliza. "Mwalimu, wewe na pua yako hiyo!" Akacheka, akaenda zake.

Nimefagia. Kinyesi cha mbuzi, kikavu. Mabomba!

Jumatano, 6 Agosti

Skrini ya dashibodi imebadilika. Niandike kwa utaratibu. Themu ni kama nguo: spidi ni ile ile, mafuta ni yale yale, kinachobadilika ni rangi na picha ya nyuma. Tangu Januari natumia themu ambayo binti yangu Kalekye alinitengenezea, akaiita Familia. Kila picha anayoweka kwenye albamu yetu kwa simu yake, huko Wote anakofanya kazi, hutokea hapa nyuma ya saa. Ndivyo nilivyoona kaburi la mama yake lilipopandwa maua.

Leo nimewasha gari niende sokoni Matinyani. Picha mpya. Boma la Nyamai. Kalekye kajifunga leso mpya, pembeni yake Mulei, yule kijana anayetaka kumwoa. Mbuzi jike wawili wamefungwa mtini. Wa tatu, dume, anachunwa. Na nyuma yao gari — namba ni yangu!

Nimezima. Nimewasha tena. Bado wapo.

Alhamisi, 7 Agosti

Nieleze, ingawa hakuna wa kuelezwa. Ile ni ntheo, mila yetu ya ndoa. Kijana huleta mbuzi watatu kwa baba wa msichana. Dume huchinjwa, na nyama ikishaliwa binti ameolewa, hata kama mahari iliyobaki itachukua miaka. Hairudiwi. Na anayepokea mbuzi ndiye baba.

Mulei alikuja kwangu mara tatu. Sikumkataa! Nilisema tungoje — Kalekye amalize diploma. Tungoje mvua. Tungoje nifikiri. Kungoja si kukataa.

Miaka minne, lakini.

Nimempigia Nyamai. Akauliza kama nilitaka msichana aote mvi. Nikasema, na gari langu je? Akasema ndilo lenye buti kubwa.

Buti kubwa!

Kalekye ametuma ujumbe: "Baba, picha iliingia kwa bahati mbaya. Nilitaka nikuambie kwa mdomo." Yaani kosa ni picha.

Jumamosi, 9 Agosti

Wanakuja. Nyamai asema wananiletea wale majike wawili, wakae kwangu. Nikiwapokea, nimekubali yote. Nikiwarudisha, mtoto wangu ana baba, na si mimi.

Asubuhi nimekaa garini. Themu ziko kumi na mbili. Nimejaribu ile iitwayo Usiku: hakuna mtu, ni weusi na spidi sifuri. Kisha mashine ikauliza: Ondoa Familia? Ndiyo. Hapana. Kidole kikabaki hewani mpaka skrini ikachoka, ikajizima.

Saa nane. Pikapu iko langoni, mbuzi wanalia. Nyamai anapiga honi kama kwake. Leo nimetia kufuli — sijawahi. Kalekye ameshuka. Amepitisha mkono kati ya vyuma, anainua komeo kwa juu kama nilivyomfundisha akiwa mdogo, kwa sababu hukwama. Kufuli hajaliona bado.

"Baba, limekwama!"

Ufunguo uko hapa, juu ya daftari. Nimemjibu: ngoja.