Ismaël aliushika mulango

Odile, Ismaël amekufa. Bwana ya Esther-Divine, hapa Salamabila.

Unakumbuka vile alitenga duka na chumba kwa mbao nyeupe za plasta, ile plako, tukamucheka? Alisema: «Ndani yake kumejificha maji, moto unakawia kupita. Lakini mulango ufungwe.»

Asubuhi hii alikuwa anapima esanse, mafuta ya pikipiki, dukani. Ikawaka kati yake na barabara. Esther-Divine alikuwa chumbani na watoto. Akakimbilia mulango, akakuta Ismaël ameufunga, anaushika toka upande wake.

Yeye mwenyewe, Odile! Angeweza kupita!

Esther-Divine akamulilia bwana yake: «Baba Déo, fungua!»

«Hapana. Moto utanifuata. Toa watoto kwa dirisha.»

Kisha tena: «Toa watoto.» Hakusema lingine.

Esther-Divine aliwatoa wote, naye akatoka. Hakuna aliyeungua hata unywele. Upande wa chumba, plako iko nyeupe mpaka sasa.

Nilimuambia Esther-Divine: «Angefungua, mungekufa nyote.» Akaangalia watoto.

«Najua, Laura. Lakini mara ya mwisho mimi na yeye, mimi nilikuwa navuta ule mulango, naye anaushika.»