Mtakatifu Aliyesingiziwa Mimba

Jumapili, usiku

Kwa nini leo, kati ya watakatifu wote, katekista wetu Papa Damas amemchagua yule?

Ametusimulia habari za bikira wa kale aliyevaa kiume akaishi na wamonaki. Msichana mmoja akamsingizia mimba. Akanyamaza, akamlea mtoto. Alipokufa, waliomwosha ndio wakagundua ni mwanamke.

"Tujifunze kunyamazia masengenyo," akamaliza, akikwepa kumtazama Neema, msusi wa hapa mtaani kwetu Doornfontein. Tumbo la Neema limeanza kuonekana, na hajamtaja aliyempa mimba.

Wenzangu wakaitikia amina.

Nje nikamwambia, "Papa Damas, yule alikuwa mwanamke. Ndiyo maana tunajua alisingiziwa."

Akacheka. "Mama Bea, unataka kusema nini?"

"Nasema habari za mtakatifu tu."

Kicheko kikakatika. Akaingia garini bila kuniaga.

Eish, labda namwonea. Ushahidi kwamba ni yeye sina, na mtu mwenyewe ametufundishia watoto dini...

Lakini Neema alikuwa amesimama nyuma yangu, amesikia yote. Akanishika mkono.

"Mama, kesho utakuwa nyumbani?"

Nimemwambia sitoki kutwa nzima.