Mtoto wa Vikapu Viwili

Iyula, Mbozi
12 Julai 1938

Mdogo wangu Ruti,

Pokea salamu zangu, wewe na shemeji Timotheo na watoto. Je, hamjambo na joto la Kamsamba, na mpunga mmeuvuna salama? Huku baridi inatukaza mifupa, lakini tu wazima. Mama anaota moto kutwa, akilalamika kwamba kuni zangu ni mbichi. Si mbichi, anapenda tu kunisema.

Mwezi huu Mchungaji anakusanya maneno ya Kinyiha ili Maandiko yatafsiriwe, nami ndiye mwandishi wake. Tulipofika kwenye neno mtumwa, alieleza kwamba Kiswahili kimelitoa katika kutuma: mtu wa kutumwa, asiyejiendea atakako. Wazee walitikisa vichwa. Mzee Isaka alisema huku kwetu jambo hilo halikuwa moja. Yuko aliyetekwa vitani, yuko aliyetolewa kuwa fidia ya damu, na yuko mtoto ambaye wazazi walimtoa wakati wa njaa ili wenzake wale. Kila mmoja aliitwa kivyake. Niliandika mpaka mkono ukaniuma.

Niliporudi nyumbani nilimsomea mama, nikijivunia kidogo mwandiko wangu. Nilipofika kwa mtoto wa njaa, aliniambia nirudie. Kisha akasema huyo ni yeye. Alikuwa hajang'oka hata jino moja la utoto pale baba yake alipompeleka kwa watu wa babu yetu, naye akarudi na vikapu viwili vya ulezi. Alilelewa humo, akaolewa na baba humo humo, na hakuna aliyelitaja jambo hilo mbele yetu. Kaburi la baba yake halijui, wala njia ya kwao. Aliyasema hayo akigeuza mahindi motoni, bila chozi. Mimi ndiye niliyelia.

Sasa nifike ninapopaogopa. Kefa alipoleta posa ya binti yenu Elina, mliniomba nichunguze ukoo wake, kwa kuwa ni jirani yangu. Niliwaandikia kwamba wazee wa hapa wameikataa ndoa. Ruti, hakuna mzee aliyekataa. Niliwauliza watu wake kaburi la baba yake babu yao liko wapi, kama ilivyo desturi, wakashindwa kunionyesha. Nikajua babu yao aliletwa hapa akiwa mtumwa, nikaona aibu kwa ajili yenu, nikatunga hayo ya wazee. Mliponiandikia kwamba Elina amekonda na hasemi na mtu, nilijua ni kwa uongo wangu, na bado nikanyamaza.

Nimemweleza mama. Aliniuliza kama na yeye afungashe aondoke nyumbani kwangu.

Nisameheni. Nimekwenda kwa Kefa kumwomba radhi. Hajaoa. Alinikaribisha kiti, akanisikiliza mpaka mwisho, akasema atangoja neno la Elina mwenyewe, langu amelisikia vya kutosha. Basi msomeeni Elina barua hii yote, msimfiche hata mstari.

Mke wangu Enesi anawasalimu sana, na majirani wote wanawaulizia. Mama anawabariki. Anasema posa ikirudi nimlete Kamsamba, hata kwa machela, naye atakaa upande wa akina Kefa.

Ni mimi kaka yako,
Osea