Sauti Iliyobaki Tumati

Mjukuu wangu Neema,

Marahaba kwa shikamoo yako. Hapa Dongobesh mahindi yamekomaa, nami nipo peke yangu tangu shangazi yako ahamie kwa mwanawe.

Unauliza, kwa ajili ya filamu yako, utapiga picha gani kijijini kwetu Tumati wakati nyumba yetu haipo tena. Mama yangu alipofariki tulihama. Siku moja nilirudi huko na baba, tukakuta kuta zimeanguka. Akasimama palipokuwa na mlango, akasema, "Hodi." Akanigeukia: "Mama yako alikuwa anaitikiaje?" Nikaiga sauti yake: "Karibu, mlango uko wazi." Baba akavua kofia, akaingia, akaketi kwenye majani akalia.

Ndugu zangu wote wametangulia. Sauti ile ninayo mimi tu. Njoo uirekodi ningali na pumzi.

Bibi yako