Usigombee, Baba

Umbilo, Durban

Baba yangu mpendwa,

Nakusalimu kwa heshima. Goti lako limepona? Na Koko, mama yako, bado anakohoa asubuhi? Sisi tuko wazima. Mama anasuka nywele za watu salon mpaka giza liingie, na mimi ninasoma.

Ulisema kwenye simu kwamba unataka kuacha kufundisha darasa lako la sita ugombee bunge la jimbo huko nyumbani, ukauliza wabunge wa huku wanafanyaje kazi. Kwenye simu sauti yangu hukwama, ndiyo maana nimeandika. Mama amekataa kukujibu: "Muambie weye. Mimi nikianza, tutagombana mpaka unité zote za simu ziishe."

Huku, Baba, watu karibu wote wanapigia chama kura, na chama ndicho kinachopanga nani akae kwenye kiti na aangalie sehemu gani. Sehemu yetu, katika kipindi hiki kimoja, imeshapita kwa watatu. Wa kwanza aligombana na wakubwa wa chama chake, wakamtoa. Wa pili alipandishwa kwenda bunge la taifa kule Cape Town. Hakuaga hata paka. Wa tatu ni mama mmoja aliyetembelea shule yetu mwezi uliopita. Tulimngoja juani tukiimba. Alipofika, dereva wake hakuzima gari, ili lisipoteze baridi.

Nilichaguliwa niulize swali, eti kwa sababu ninapenda vitabu. Nikauliza kwa nini mabomba ya shule yanakauka kila mara.

"Swali zuri sana, mwanangu," akasema. "Mpelekee mbunge wa sehemu yenu."

Mwalimu wetu akakohoa. "Mheshimiwa, ni wewe."

"Eish! Mimi nimeapishwa juzi tu. Hayo ni ya aliyenitangulia."

Kijana mmoja nyuma akapaza sauti: "Sharp, sawa, Mheshimiwa! Basi turudishie nyimbo zetu!"

Shule nzima ikacheka. Naye akacheka, Baba. Hapo ndipo nilipomdharau kabisa. Angekasirika, ningemheshimu kidogo. Akala kuku ofisini, akanawa kwa maji ya chupa, akaenda zake.

Nilipomsimulia Mama, hakushangaa. "Hicho kiti iko kama cha salon. Mtu anainuka, mwingine anakaa, nywele za wa kwanza zingali chini."

Najua utasema wewe ni tofauti. Lakini yule mama alituambia kwamba zamani alikuwa mwalimu, na kwamba aliingia bungeni kwa ajili ya watoto. Alisema kwa sauti nzuri, kama yako. Nikaogopa.

Ukigombea, nitakuombea kila siku ushindwe. Ninakuambia mapema, nisije nikakuchekea kwenye simu huku moyoni nasema mengine.

Nisalimie shangazi muuza samaki na mjomba fundi wa pikipiki. Koko msomee yote, usiruke kitu.

Ni mimi binti yako, mkaidi kwa sababu ninakupenda,

Neema